Armin Mueller-Stahl: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Huyu ni mmoja wa wale waigizaji ambao sura yao unaijua ila jina linagoma kuja ulimini. Ukisema "yule babu mwenye mgahawa wa Kirusi kule London", au "yule kadinali kwenye filamu ya Vatikani na Tom Hanks", hapo hapo mtu anaitikia: ahaa, yule! Maswali yaliyo hapa ni yale ninayoulizwa kila ninapomtaja mbele ya wapenzi wa sinema. Nimejaribu kufuata mtiririko wa maisha yake, ingawa mengine yamejipenyeza yalipotaka.

Ni nani hasa?

Ni Mjerumani aliyezaliwa Tilsit tarehe 17 Desemba 1930. Usihangaike kuutafuta mji huo kwenye ramani ya Ujerumani ya leo. Baada ya Vita Kuu ya Pili uliangukia mikononi mwa Wasovieti, wakaupa jina la Sovetsk, na hadi sasa uko Urusi. Baba yake, karani wa benki, alikufa vitani mwaka 1945. Kijana akabaki hana baba, na kwao kumekuwa nchi ya wengine.

Nayataja haya mapema kwa sababu nusu ya wahusika alioigiza baadaye ni watu wa namna hiyo: wametoka mahali ambapo hapapo tena, wanazungumza lugha ya ugenini kwa lafudhi nzito, na kuna jambo moyoni hawalisemi.

Kwa nini haitwi steringi?

Kwa watazamaji wa kwetu filamu ina steringi na ina adui, waliobaki ni wapita njia. Mueller-Stahl hukaa katikati ya hao. Kazi yake ni kuvaa uhusika: baba, jirani, jenerali, padri, mfanyabiashara. Dakika kumi zinamtosha kuifanya filamu ielemee upande wake. Lakini tahadhari, kwao Ujerumani Mashariki alikuwa steringi kamili, tena kipenzi cha wanawake. Hii ya babu mwenye macho ya buluu anayetabasamu kidogo ndiyo sura yake ya pili, na ndiyo dunia nzima ilimjua nayo.

Ni kweli alianza kama mpiga fidla?

Kweli kabisa. Alisomea fidla na muziki Berlin, na uigizaji ukaja baadaye. Alipojiunga na mafunzo ya uigizaji, aliondolewa baada ya mwaka mmoja kwa maelezo kwamba hana kipaji. Hata hivyo mwaka 1952 alipata nafasi katika ukumbi wa Theater am Schiffbauerdamm, na miaka miwili baadaye akahamia Volksbühne, pia Berlin Mashariki, akakaa huko robo karne.

Mtu aliyezoea kumtazama mpiga fidla wa taarabu akisubiri zamu yake, upinde umetulia juu ya nyuzi, ataelewa kitu kuhusu uigizaji wa mtu huyu. Anajua kukaa kimya bila kutoweka. Wenzake wanapoongea, yeye anahesabu mapigo.

Ujerumani Mashariki ndiyo ipi?

Wazee wa Zanzibar hawahitaji maelezo. Ni ile nchi ya kikomunisti iliyoungana kidugu na serikali ya Mapinduzi tangu 1964 na kusaidia kujenga majumba ya ghorofa ya Kikwajuni. Ilidumu tangu 1949 mpaka 1990. Sinema yake ilitengenezwa na kampuni moja tu ya serikali, DEFA, yenye studio zake Babelsberg karibu na Berlin, na televisheni nayo ilikuwa ya serikali. Maana yake, ukikubalika na wakubwa, kazi haiishi. Wakikununia, huna mlango wa pili wa kubisha.

Filamu zake za wakati huo ni zipi?

Muongozaji aliyemkuza ni Frank Beyer. Alimtumia katika *Fünf Patronenhülsen* (1960), kisa cha wapiganaji wa kujitolea kwenye vita vya Hispania, kisha *Königskinder* (1962), halafu *Nackt unter Wölfen* (1963), ambamo wafungwa wa kambi ya Buchenwald wanamficha mtoto mdogo asionekane na askari wa Hitler. Kwenye televisheni alitamba na tamthilia ya *Wolf unter Wölfen* (1965).

Ya Beyer inayotajwa zaidi ni *Jakob der Lügner*, iliyoonyeshwa kwenye televisheni mwishoni mwa 1974, kisha kwenye majumba ya sinema 1975. Ndiyo filamu pekee ya Ujerumani Mashariki iliyowahi kuteuliwa kuwania Oscar. Mueller-Stahl yumo, ingawa Jakob mwenyewe aliigizwa na Vlastimil Brodský kutoka Chekoslovakia. Robo karne baadaye, mwaka 1999, Wamarekani waliitengeneza upya hadithi ile ile na Robin Williams. Nani anatokea tena humo, safari hii kama daktari mzee wa geto, mtaa ambamo Wanazi waliwafungia Wayahudi? Yeye yeye. Filamu ya kwanza ni bora kwa mbali, na sioni haja ya kuwa mpole juu ya hilo.

Nasikia aliigiza jasusi wa Stasi, idara ya usalama ya Ujerumani Mashariki. Je, aliwatumikia?

Aliigiza, ndiyo. Tamthilia ya *Das unsichtbare Visier*, iliyoanza kurushwa 1973, ilikuwa jibu la Ujerumani Mashariki kwa James Bond. Yeye ni Achim Detjen, mtu wa idara ya usalama anayejipenyeza miongoni mwa Wanazi wa zamani na vigogo wa Magharibi. Suti safi, nchi za mbali, wanawake warembo, na itikadi sahihi. Watu walikaa mbele ya runinga kwa sababu ya hizo tatu za mwanzo.

Wakubwa wa usalama waliipenda sana tamthilia hiyo, maana ilikuwa tangazo lao. Yeye ndiye aliyechoka nayo akaiacha katikati, na iliendelea bila yeye hadi 1979. Ukitaka kicheko cha uchungu, tazama *The International* (2009): humo anaigiza kanali wa zamani wa Stasi, mzee aliyeacha kuamini chochote, sasa anaitumikia benki chafu. Ni kama Detjen amezeeka.

Kwa nini aliondoka?

Novemba 1976 serikali ilimvua uraia Wolf Biermann, mwimbaji aliyekuwa ameruhusiwa kwenda kutumbuiza Magharibi, ikamfungia mlango asirudi. Waandishi kadhaa wakaandika waraka wa kupinga, na wasanii wengine wakaongeza saini zao. Mueller-Stahl alitia yake.

Hakuna aliyemkamata. Simu ndiyo iliyoacha kulia. Mtu aliyekuwa kwenye runinga ya kila nyumba akawa anasubiri kazi zisizokuja. Mwaka 1977 ilitoka *Die Flucht*, filamu yake ya mwisho na DEFA, ambamo ni daktari anayepanga kutorokea Magharibi. Mwaka uliofuata akacheza na Frank Beyer tena kwenye *Geschlossene Gesellschaft*, kisa cha ndoa inayooza kimya kimya. Televisheni ikairusha usiku wa manane, watu wamelala, wala haikuitangaza. Mwaka 1980 akapata ruhusa, akahamia Berlin Magharibi na familia yake. Alikuwa anakaribia miaka 50. Masaibu ya miaka ile ya kimya aliyaweka kwenye riwaya, *Verordneter Sonntag*, iliyotoka 1981. Jina lake unaweza kulielewa kama Jumapili ya amri, yaani likizo usiyoiomba.

Magharibi walimpokeaje?

Alibahatika kukutana na Rainer Werner Fassbinder kabla ya kifo cha muongozaji huyo Juni 1982. Katika *Lola* (1981) ni von Bohm, ofisa wa ujenzi mwadilifu aliyeletwa kwenye mji uliojaa rushwa, akampenda mwanamke bila kujua kwamba anaimba kwenye danguro. Uadilifu wake unavunjika taratibu mno, hata yeye mwenyewe hasikii mlio. Kisha akaonekana katika *Die Sehnsucht der Veronika Voss* (1982).

Mwaka 1985 ulikuwa wa neema. Alicheza *Bittere Ernte* ya Agnieszka Holland kama mkulima anayemficha mwanamke wa Kiyahudi wakati wa vita, huku huruma na tamaa zikimpigania kichwani. Akacheza pia *Oberst Redl* ya István Szabó kama mrithi wa kiti cha enzi cha Austria. Filamu zote mbili ziliteuliwa kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mwaka ule ule, moja kwa jina la Ujerumani Magharibi, nyingine kwa jina la Hungaria. Hakuna iliyoshinda, maana Argentina iliwatangulia.

Alifikaje Marekani, tena kwa lafudhi ile?

Lafudhi ndiyo iliyomfikisha. Kazi yake ya kwanza ya Kimarekani ilikuwa tamthilia ya *Amerika* (1987) iliyorushwa na kituo cha televisheni cha ABC, ya kuwazia Marekani ikiwa imetawaliwa na Wasovieti. Yeye alikuwa jenerali wa Kisovieti. Aliyeikimbia kambi ya Mashariki akaajiriwa kuiwakilisha.

Halafu Costa-Gavras akampa *Music Box* (1989), na hapa ningependa tutulie kidogo. Mike Laszlo ni mhamiaji wa Kihungaria, mfanyakazi wa Chicago, babu anayempenda mjukuu wake. Siku moja serikali inamshtaki kuwa alikuwa muuaji wakati wa vita na inataka kumvua uraia. Bintiye, Jessica Lange, ni wakili, naye anaamua kumtetea. Filamu nzima inategemea swali moja: ni yeye au siye? Mwigizaji mwingine angepenyeza dalili mapema, jicho la pembeni, tabasamu la hila. Mueller-Stahl hatoi kitu. Anampenda binti yake kikweli, na huo ukweli ndio unaokutisha unapoanza kushuku. Katika tamasha la filamu la Berlin la mwaka 1990 iligawana tuzo kuu, Dubu wa Dhahabu, na filamu moja ya Kicheki.

Mwaka huo huo ikaja *Avalon* (1990) ya Barry Levinson. Ni kinyume kabisa. Sam Krichinsky ni Myahudi kutoka Ulaya Mashariki aliyefika Baltimore tarehe 4 Julai 1914, siku ya taifa, anga limejaa fataki. Kila mwaka anawasimulia wajukuu. Ukoo wake mkubwa unakula pamoja, unagombana pamoja, una hata vikao vya ukoo vyenye mfuko wa pamoja. Kisha inaingia runinga. Taratibu meza inahama, watu wanakula wakitazama kioo, hadithi ya babu inakosa wasikilizaji. Hakuna adui. Nimewahi kuitazama na watu wa rika la wazazi wangu, na hakuna aliyehitaji kuelezwa chochote.

Ile ya dereva teksi ni filamu gani?

*Night on Earth* ya Jim Jarmusch (1991): visa vitano, miji mitano, usiku mmoja, kila kisa ndani ya teksi. Chake ni cha New York. Helmut alikuwa chale wa sarakasi kule Ujerumani Mashariki, sasa ni dereva teksi asiyejua kuendesha gari la otomatiki wala njia ya kwenda Brooklyn. Abiria wake ni YoYo, kijana Mweusi (Giancarlo Esposito) ambaye teksi nyingine zote zimempita bila kusimama. Gari linaruka kama chura, mpaka abiria anahamia kwenye usukani na dereva anakaa pembeni akishangaa mji.

Wanachekana majina: YoYo anaona Helmut ni sawa na kofia ya pikipiki kwa Kiingereza, Helmut anaona YoYo ni kichezeo cha watoto. Katikati ya safari chale anatoa filimbi mbili na kuzipuliza kwa pamoja. Nauli inapolipwa, fedha haimshughulishi, ameshafurahi. Mwisho anabaki peke yake na lile gari, usiku, kwenye mitaa asiyoijua. Aliyewahi kushuka ugenini na anwani kwenye karatasi atamwelewa Helmut kuliko mhakiki yeyote.

Aliwahi kupata Oscar?

Aliteuliwa, hakushinda. Uteuzi ulikuwa wa mwigizaji msaidizi kwa filamu ya Australia *Shine* (1996), na mwaka 1997 tuzo ikamwendea Cuba Gooding Jr. Geoffrey Rush, aliyecheza mpiga piano David Helfgott akiwa mtu mzima, alipata yake ya mwigizaji bora.

Mueller-Stahl ni Peter, baba wa David, Myahudi wa Poland ambaye vita vilimlia ndugu zake. Anamfundisha mwanawe piano, anamsukuma ashinde, kisha nafasi ya kusoma ng'ambo inapokuja anamzuia kwa ukatili, kwa hofu kwamba familia itasambaratika tena. Humo anasimulia jinsi alivyodunduliza fedha utotoni akanunua fidla, na baba yake akaivunjavunja. Kila nikiifikia sehemu hiyo nakumbuka kwamba anayezungumza ni mpiga fidla wa kweli.

Ana filamu yoyote ya Afrika?

*The Power of One* (1992), iliyopigwa Zimbabwe ingawa kisa kinatokea Afrika Kusini. Ni Mjerumani mpiga piano anayeitwa Doc, mlezi wa mtoto yatima, anayetiwa kizuizini wakati wa vita kwa kosa la kuwa raia wa nchi adui. Morgan Freeman yumo pia. Filamu yenyewe ina ugonjwa wa kumfanya kijana wa Kizungu awe mkombozi wa Waafrika, na hilo linakera. Ila nusu ya kwanza, babu na mtoto na piano, inatazamika.

Mbona kila mara ni Mrusi?

Kila mara sivyo, lakini mara nyingi. Hollywood haikuwa na haja ya kutofautisha lafudhi za Ulaya Mashariki, hivyo amekuwa Mrusi, Mhungaria, Mcheki na hata waziri mkuu wa Israeli. Kama Mcheki wa *Utz* (1992), mkusanyaji wa vyombo vya kauri huko Prague, alipata Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora Berlin.

Urusi yake kali zaidi ni *Eastern Promises* (2007) ya David Cronenberg. Semyon ana mgahawa London, anapika borshti, anawafundisha watoto fidla, anakukaribisha kwa upole wa babu. Ni bosi wa genge. Kuna sauti anayotumia anapompa mkunga (Naomi Watts) chakula aonje, laini kama ya mtu anayebembeleza mtoto, na damu inakuganda kwa sababu tayari umeanza kuelewa. Wakanada walimpa tuzo ya Genie ya mwigizaji msaidizi.

Kwenye televisheni baada ya kuhama?

Iliyo kubwa ni *Die Manns* (2001) ya Heinrich Breloer, sehemu tatu kuhusu ukoo wa mwandishi Thomas Mann. Yeye ndiye Mann: baridi, nadhifu, baba ambaye watoto wake wanapita mbele ya mlango wa chumba chake cha kuandikia kwa kunyata. Ilipata Emmy ya kimataifa. Miaka saba baadaye alicheza pia kwenye *Buddenbrooks*, inayotokana na riwaya ya Mann huyo huyo. Waziri mkuu wa Israeli niliyemtaja ni wa *The West Wing*, mwaka 2004.

Siye yeye aliyekuwa Goldfinger? Au Hitler kwenye filamu ya handaki?

Hapana. Goldfinger, yule adui wa James Bond, ni Gert Fröbe. Hitler wa handakini ni Bruno Ganz, tena Mswisi. Ila Mueller-Stahl aliigiza mtu anayejidai kuwa Hitler, mzee kikongwe aliyenusurika, katika *Gespräch mit dem Biest* (1996), filamu aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe. Ni ya ajabu, haikumfaa kila mtu.

Anafanya nini kingine?

Anachora na kupaka rangi, ameonyesha kazi zake kwenye majumba ya sanaa, anaandika, anaimba nyimbo zake. Mwaka 2011 tamasha la Berlin lilimpa Dubu wa Dhahabu wa heshima.

Nianze na ipi?

Kama una nusu saa tu, kisa cha New York kwenye *Night on Earth*. Kama una usiku mzima, *Music Box* kisha *Avalon*, zikifuatana hivyo hivyo, uone jinsi uso ule ule unavyobeba babu wawili ambao usingependa kuwachanganya. *The X-Files* na *Angels & Demons* ziache mpaka mvua inaponyesha na umeme upo. Zilimlipa, na amevaa vizuri.

Jina linatamkwaje?

Armiin Myula-Shtaal. Hiyo h ya Stahl haitamkwi, inavuta tu a. Müller ni msaga nafaka, Stahl ni chuma cha pua. Ukimtafuta mtandaoni andika Mueller kwa u na e, siyo kwa u yenye nukta mbili, na usisahau kistari.